Mpaka Muhogo Ukomae

Kila uchumi unapoporomoka hutokea mtu serikalini akafunua ramani ya nchi, akaona pori tele. Akachungulia dirishani, akaona vijana wamejaa vibarazani. Jibu linamjia hapo hapo: wale wapelekwe kule. Wajerumani walilipata mwaka 1931, Wakanada 1932, Wamarekani 1933, Waingereza 1934. Sisi Watanzania tulilipata zaidi ya mara moja, na mara iliyobaki vinywani mwa watu ni 1983, mwaka wa Nguvu Kazi.

Mjadala ufuatao nimeupanga mimi. Wasemaji ni wa kutunga, na maisha wanayosimulia ni ya kutunga. Sheria, miaka na tarakimu wanazotaja si za kutunga. Nimewaacha wakatizane, maana jambo hili likisemwa na mtu mmoja linageuka hotuba, na hotuba za kilimo tumeshiba. Wako watano: Bwana Shamba, mstaafu wa idara ya kilimo; Mzee, aliyekuwa akiuza karanga na sigara Kariakoo mwaka huo wa 1983; Mwalimu wa historia; Mama Lishe mwenye banda lake Buguruni; na Kijana wa bodaboda kutoka Mbagala.

BWANA SHAMBA: Naanza mimi, maana najua kabla hatujamaliza mtakuwa mmenigeukia wote. Tukumbushane hali ilivyokuwa. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika 1977. Mwaka uliofuata Idi Amin akaingia Kagera, tukapigana naye mpaka Kampala, na gharama za vita tukazibeba wenyewe. Mafuta yakapanda bei 1979, kahawa nayo ilikuwa imeshaanza kushuka. Fedha za kigeni hakuna. Sabuni foleni, sukari foleni, watu wanasonga ugali wa unga wa yanga, yale mahindi ya njano ya msaada. Upande wa pili kuna mkonge: mwaka 1964 tulitoa zaidi ya tani 200,000, kufika katikati ya miaka ya 1980 hazifiki hata 50,000. Nenda sasa Kariakoo, unamkuta mwanamume wa miaka 22, mzima wa afya, anauza sigara mojamoja. Serikali ingefanyaje?

MZEE: Huyo wa miaka 22 ni mimi.

BWANA SHAMBA: Samahani, mzee mwenzangu. Sikukulenga wewe.

MZEE: Umenilenga, na sina kinyongo. Ila mkonge uliokosa wakataji uliwakosa kwa nini? Umeshaukata mkonge wewe? Ncha ya jani ni sindano, utomvu unawasha mpaka usiku, na mwisho wa mwezi unapewa mshahara ambao dukani hakuna cha kuununulia. Mimi kwa karanga zangu nilikuwa nampita karani wa ofisini. Watu hawakukimbia kazi, ndugu yangu. Walikimbia malipo.

Niingilie kidogo, kwa ajili ya ambao walikuwa hawajazaliwa. Sheria ya Nguvu Kazi, Namba 6 ya mwaka 1983, ilimtaka kila mwenye nguvu awe na kazi inayotambulika, na iliweka utaratibu wa kumpangia kazi asiyekuwa nayo. Waziri Mkuu Edward Sokoine aliisimamia mwaka uleule aliokuwa akipambana na wahujumu uchumi, na wengi walimpenda kwa vita hiyo ya pili huku wakiikimbia ya kwanza. Alifariki kwa ajali ya gari tarehe 12 Aprili 1984, kampeni ikiwa bado changa. Jambo moja husahaulika: 1983 ndio mwaka ambao serikali hiyohiyo iliruhusu mabasi madogo ya watu binafsi kubeba abiria Dar es Salaam, hizi daladala tunazozijua. Kwa hiyo mkono mmoja ulikuwa ukiwapakia vijana kwenye malori, mkono wa pili ukiwafungulia kazi makonda, wapiga debe na mafundi gereji. Ukiniuliza upi kati ya mikono hiyo uliondoa watu wengi vibarazani, dau langu naliweka kwenye daladala.

MWALIMU: Mzee, hebu tusimulie ulikopelekwa.

MZEE: Ilikuwa mwezi wa kumi. Nilikamatwa asubuhi, sinia la karanga mkononi. Swali lilikuwa moja tu: kitambulisho cha kazi kiko wapi? Nikaonyesha karanga. Askari akacheka, akachukua kidogo, akanipandisha garini. Jioni yake tulikuwa njiani kuelekea kusini. Kijiji sikitaji, kwa sababu wenyeji wake hawakunikosea kitu. Nao walishtukia tu tunashushwa. Nikapewa jembe, panga, na kipande cha pori ambacho hata mwenye kukigawa hakukijua mwisho wake.

Sasa sikiliza hesabu, Bwana Shamba, unisahihishe kwa sababu wewe ndiye fundi. Vuli iko mlangoni. Utafyeka, utachoma, utang'oa visiki vidogo, vikubwa utaviacha upande mbegu pembeni yake. Mtu wa mjini akijitahidi sana, kwa mwezi mzima atapata robo ekari. Mahindi ukiwahi mvua utakula mwezi wa pili, kama ngedere na nguruwe pori hawajakutangulia. Muhogo wa haraka ni miezi tisa, na mwingi ni mwaka. Mkorosho miaka mitatu ndipo uone korosho za kuhesabika. Mnazi usiutaje. Mimi toka mwezi wa kumi mpaka wa pili nakula nini?

BWANA SHAMBA: Palitakiwa pawe na chakula cha msaada mpaka mavuno ya kwanza. Sikatai kwamba hakikuletwa kila mahali.

MZEE: Chakula kiliisha kabla ya kufyeka. Nikaanza kulima vibarua kwenye shamba la mwenyeji ili nipate muhogo wake. Sikiliza hapo: nimetolewa mjini kwa kuwa sina kazi, nimekuwa kibarua wa mkulima ambaye mwenyewe hana akiba. Usiku nikawa nawaza, kama ni kibarua si bora wa Kariakoo? Nikarudi kwa lori la mkaa. Wenzangu wengi walishanitangulia.

BWANA SHAMBA: Kwa hiyo ungepewa chakula ungekaa?

MZEE: Wangeniuliza kwanza, na chakula kikawapo, ningekwenda kwa miguu yangu. Baba yangu alikuwa mkulima. Nani alikwambia nachukia jembe?

MWALIMU: Swali hilo la miezi ya katikati ndilo kiini cha habari nzima, na tusidhani liliwashinda wajamaa peke yao. Kwanza, kuwapakia watu hakukuanza na Sokoine. Waingereza walitunga sheria mwaka 1944 ya kuwaondoa katika miji ya Tanganyika watu wasiotakiwa. Polisi walikuwa wakiwakusanya waliowaita wahuni na kuwarudisha makwao, na wao wakirudi mjini kwa njia nyingine. Bendera ilishushwa, lori likarithiwa. Lakini mimi nataka niwapeleke Marekani, maana kule nia ilikuwa njema, fedha zilikuwapo, na bado mambo yalikwenda upande.

Mwaka 1933 Mmarekani mmoja kati ya wanne wenye kutafuta kazi alikuwa hana kazi. Serikali ya Roosevelt ikatenga dola milioni 25 za kujenga vijiji vya wasio na kazi, kila familia na nyumba yake na ekari chache za kulima chakula. Kijiji cha mwanzo kilikuwa Arthurdale, West Virginia. Karibu na hapo kulikuwa na bonde la Scotts Run, machimbo ya makaa yamefungwa, watoto wana njaa. Eleanor Roosevelt, mke wa rais, alikwenda kuliona Agosti 1933, akarudi Washington hana raha, na toka siku hiyo akaifanya Arthurdale kuwa mtoto wake.

Tazameni haraka ilivyoponza. Mshauri wa rais, Louis Howe, aliagiza nyumba 50 zilizokwisha kutengenezwa kiwandani ili wachimbaji wahamie upesi. Zilikuwa nyumba nyepesi za mapumziko ya kiangazi ufukweni, na West Virginia milimani theluji inakaa. Zilipofika, misingi ilikuwa imeshajengwa kwa vipimo vingine. Ikabidi nyumba zipanuliwe na kukarabatiwa upya, gharama zikapaa, magazeti yakapata cha kuandika. Mwishowe zilijengwa nyumba 165, nzuri kweli, zenye maji na umeme. Wachimbaji weusi na wahamiaji kutoka nje hawakuruhusiwa kuingia, ingawa huko Scotts Run walikuwa wakichimba mkaa uleule na kulala na njaa ileile.

MAMA LISHE: Eh, hata njaa ina rangi.

MWALIMU: Hata njaa, dada. Lakini jambo ninalotaka mlishike ni hili: wale waliopanga Arthurdale hawakudhani ekari chache zitamlisha mtu na kumvika. Mpango ulikuwa familia ilime viazi, ifuge kuku na ng'ombe, halafu baba apate ujira kwenye kiwanda kijijini hapo. Kiwanda kilichokusudiwa kilikuwa cha samani za posta. Mwaka 1934 Bunge la Marekani likakataa kukigharimia. Wabunge wenye viwanda majimboni kwao wakasema serikali isishindane na wafanyabiashara. Vikajaribiwa vingine, kimoja baada ya kingine, havikudumu. Watu wakabaki na viazi vizuri na bili zisizolipika. Kazi ya uhakika ilikuja na Vita Kuu ya Pili, viwanda vya silaha vilipoanza kuajiri. Kufikia mwisho wa miaka ya 1940 serikali ilikuwa imeuza nyumba zote kwa bei ya hasara, ikajiondoa.

BWANA SHAMBA: Umechagua mfano unaokufaa. Mbona huitaji Matanuska?

MWALIMU: Itaje wewe.

BWANA SHAMBA: Naitaja. Alaska, mwaka 1935. Serikali hiyohiyo ilizichukua familia kama 200 kutoka Minnesota, Wisconsin na Michigan, watu waliokuwa wakiishi kwa msaada, ikazichagua za kaskazini kwa kuwa zimezoea baridi. Wakasafirishwa kwa treni na meli, wakaishi kwenye mahema majira yote ya kiangazi, wakapiga kura ya kugawana viwanja vya ekari 40 vyenye misitu mitupu. Kila mmoja na deni lake. Leo mji wa Palmer upo, mashamba yapo, na kwenye maonyesho yao wamewahi kupima kabichi zilizopita kilo 50, kwa sababu jua la kiangazi kule linakawia sana kutua. Nani anasema watu wa msaada hawawezi kulima?

MWALIMU: Sijasema hivyo. Nilichotaka umalizie ni kwamba kufika 1940 zaidi ya nusu ya familia zile zilikuwa zimeshaondoka.

BWANA SHAMBA: Na karibu nusu zilibaki! Wewe ukipanda mbegu, zote zinaota?

MWALIMU: Waliobaki walibaki kwa nini? Miaka ya kwanza walikuwa na viazi na maziwa yasiyo na wanywaji. Mwaka 1940 jeshi likaanza kujenga kambi kubwa Anchorage, maili kama 40 kutoka kwao. Askari wanakunywa maziwa, na ujenzi unataka vibarua. Mkulima wa Matanuska akawa na mnunuzi, na msimu wa baridi akawa na ujira. Udongo ulikuwa uleule wa 1935.

Nakiri hapa Mwalimu alikuwa na bahati ya mifano. Kila alikogusa, vita vilifika kuokoa mpango wa kilimo, na serikali ya kiraia haiwezi kuandika vita kwenye bajeti ya maendeleo vijijini. Lakini Waingereza wanamsaidia pia. Chama chao cha kuwapa ardhi wasio na kazi kilianza mwaka 1934, shamba la mwanzo likiwa Potton, Bedfordshire. Wachimba makaa kutoka Durham na kwingineko walipewa vishamba vya ekari tano hivi vya mboga, kuku na nguruwe, na chama kikawauzia mazao kwa pamoja. Tukubali kwamba huko soko lilifikiriwa toka siku ya kwanza. Hata hivyo wengi hawakukaa, na vita vilipopita nafasi zikawa za watu wenye ujuzi wa kilimo, si wa wasio na kazi tena. Mpango ukavunjwa mwaka 1983, mwaka uleule sisi tulipokuwa tunawasha malori.

MWALIMU: Niongeze la Kanada, fupi. Mwaka 1932 familia iliyokuwa ikilishwa na mji ilipewa dola 600 za kwenda kuanza shamba. Serikali kuu, jimbo na halmashauri ya mji viligawana gharama sawa. Halmashauri ilitoa theluthi yake kwa moyo mweupe, kwa sababu familia ikishapanda treni, jina lake linafutwa kwenye orodha ya msaada. Hapo ndipo ninapokuwa na wasiwasi na ramani za wakubwa. Mara nyingi shabaha ni kufuta jina, shamba ni mahali pa kulifutia.

MAMA LISHE: Sasa na mimi niseme, maana mmeanza 1931 mmefika 1983 na hakuna aliyetaja nani alikuwa jikoni. Mzee, ulipopakiwa ulikuwa na mke?

MZEE: Nilikuwa naye. Na mtoto mmoja.

MAMA LISHE: Nani alilipa kodi ya chumba mwezi huo?

MZEE: Alikaanga vitumbua.

MAMA LISHE: Vitumbua. Bila leseni, bila kitambulisho, na yeye angekamatwa angeitwa mzururaji. Mama yangu naye alipika uji na maandazi miaka hiyo, anajificha nyuma ya ukuta, na wateja wake walikuwa wafanyakazi wa ofisi hizohizo zilizokuwa zinaandika orodha za wasio na kazi. Asubuhi wanakula kwake, mchana wanamtafuta. Na hao wakubwa walikuwa wanaishije? Mshahara haukufika tarehe kumi. Walikuwa na mashamba Bunju, Kibamba, Mbagala. Walikuwa na kuku uani na ng'ombe Mikocheni. Mguu mmoja ofisini, mguu mwingine shambani, hakuna aliyewaita wazururaji. Maskini akifanya hivyohivyo, mguu mmoja Kariakoo na mwingine kwa bibi yake Rufiji, anaambiwa achague.

BWANA SHAMBA: Njia mbili zilimshinda fisi, mama.

MAMA LISHE: Fisi alikuwa peke yake. Mimi nina dada yangu Mkuranga. Mvua zikianza nafunga banda wiki mbili, nakwenda kulima naye. Muhogo ukikomaa ananiletea, nauza mihogo ya kukaanga, faida yake inanunua mbegu. Shamba lake lisingeniweka mjini kama nisingekuwa na banda, na banda lingeshafungwa zamani kama si shamba. Mbona hamji kuniuliza mimi mnapopanga mipango yenu?

KIJANA: Shikamoo zenu wote kwanza, maana nimeachwa mpaka mwisho.

MZEE: Marahaba, mwanangu. Sema.

KIJANA: Mimi nimeshalima. Sikupakiwa na mtu, nilijipakia mwenyewe. Ile miaka kila mtu alikuwa na hesabu ya matikiti kwenye simu: ekari moja miche elfu kadhaa, kila mche matikiti mawili, kila tikiti shilingi elfu mbili, zidisha, umekuwa milionea kabla hujanunua hata jembe. Tulikodi ekari tatu Ruvu, watu wanne, tukanunua pampu ya maji. Matikiti yalitoka, tena makubwa. Siku ya kuvuna dalali akaja, akasema soko limejaa, matikiti ya Morogoro yameingia jana. Bei aliyotaja haikufika robo ya ile ya kwenye simu. Unamkatalia? Tikiti haliwekwi ghalani. Tukauza. Mwaka wa pili tukapanda vitunguu, tukijua hivyo vinasubiri. Huko tukakutana na lumbesa.

BWANA SHAMBA: Lumbesa ni kosa kisheria.

KIJANA: Najua, baba. Nilimwambia mnunuzi hivyohivyo. Akasema sawa, basi tafuta mwingine. Gunia lilishonewa kilemba mpaka likawa na kichwa kama mtu, na hicho kichwa chote hakilipwi. Mizani ipo kijijini, imefungwa ofisini, ufunguo anao mtu aliyekwenda msibani. Nikapiga hesabu, nikauza sehemu yangu ya pampu, nikatoa malipo ya kwanza ya bodaboda. Halafu usiku nikiwa nasubiri abiria nasikia redioni: vijana hawapendi kilimo.

BWANA SHAMBA: Ndiyo maana siku hizi kuna mipango ya mashamba ya pamoja. Jenga Kesho Iliyo Bora, BBT, mwaka 2023 ilianza na vijana 812. Hakuna lori wala askari. Mtu anaomba mwenyewe, anafundishwa kwanza, ndipo anapelekwa kwenye shamba lililopimwa na kuwekewa maji. Yale makosa ya 1983 yamefanyiwa kazi. Hilo mnipe.

MZEE: Nakupa. Kuombwa ni tofauti na kubebwa. Mimi ningeomba.

Nami nampa. Sheria ya 1983 yenyewe iliishia pabaya: Tume ya Jaji Francis Nyalali, iliyoundwa mwaka 1991, iliiweka miongoni mwa sheria 40 zilizostahili kufutwa au kurekebishwa kwa kubana haki za watu. Haki ya mtu kwenda na kukaa anakotaka ilikuwa imeshaingia kwenye Katiba mwaka 1984, miezi michache tu baada ya malori. Kwa hiyo lile la nguvu tumeshalijibu, angalau kwenye karatasi. Ninachokiona bado hakijajibiwa ni dhana ya mkulima mtupu, mtu anayetakiwa auze kila kitu mjini, ahamie shambani mzima mzima na asitazame nyuma. Wapangaji wa Arthurdale hawakuwa na dhana hiyo. Wao walikwama kwa kukosa kiwanda. Matanuska ilisimama pale mkulima alipopata soko jirani na kibarua cha msimu wa baridi. Mama Lishe na dada yake wa Mkuranga wana yote mawili bila waziri kuzindua kitu. Sioni kwa nini mpango wa serikali uanze kwa kumnyang'anya asiye na kazi hicho kidogo alichokwisha kukijua mjini.

BWANA SHAMBA: Umeandika vizuri, ila hujawahi kusimamia skimu ya umwagiliaji. Maji yana zamu. Mwenye zamu akiwa mjini anasubiri abiria, mfereji unafurika, shamba la jirani linaoza. Kilimo cha mguu mmoja kinaua kilimo cha pamoja. Nimeliona hilo kwa macho yangu, msimu baada ya msimu.

MAMA LISHE: Basi zamu apewe na mwenzake wa nyumbani. Jina la mke liwe kwenye hati toka siku ya kwanza, siyo baba pekee. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 inampa mwanamke haki sawa ya kumiliki. Kwa nini fomu ya shamba iwe na mstari mmoja wa jina? Kijana akiwa barabarani mkewe yuko mferejini, na siku mke akija mjini kuuza, kijana anashika koleo.

KIJANA: Sijaoa.

MAMA LISHE: Utaoa. Au mweke dada yako.

BWANA SHAMBA: Na akiondoka msimu mzima?

KIJANA: Tuandikiane. Mimi nikikosa zamu mbili za maji, nilipe faini, nikikosa nne, shamba lichukuliwe. Lakini na nyie mwandike. Chakula au posho mpaka mavuno ya kwanza, siyo mpaka sherehe ya uzinduzi. Mizani iwe wazi siku za mnada, na ufunguo uwe na nakala. Mnunuzi ajulikane kabla sijapanda, na bei ya chini iandikwe. Na bodaboda yangu inabaki na mimi. Kiangazi narudi Mbagala, simwombi mtu ruhusa.

BWANA SHAMBA: Bei ya chini nani atailinda soko likijaa? Hazina?

KIJANA: Si mlisema taifa linahitaji chakula?

BWANA SHAMBA: Chakula, ndiyo. Wewe ulipanda matikiti.

MZEE: Bwana Shamba, mpe jibu mtoto.

BWANA SHAMBA: Mahindi na mpunga, serikali ina akiba yake ya chakula, inaweza kununua kwa bei iliyotangazwa, hapo naweza kusaini. Matikiti na vitunguu sisaini. Posho ya miezi tisa, nasaini. Jina la mke, nasaini. Hiyo pikipiki ndiyo inanitatiza.

KIJANA: Bila pikipiki siji.

MAMA LISHE: Andika pikipiki, baba. Mtaihitaji hata hapo shambani, kumpeleka mtu hospitali usiku.

BWANA SHAMBA: Nitaandika, lakini ifungiwe tela. Kama itakwenda mjini, isiende tupu.